Mpishi wa Rongai: Kisa cha Sidede Onyulo na Uhusika wa Owuor

Tarehe 23 Machi 2003, mjini Los Angeles, filamu ya Kijerumani Nirgendwo in Afrika ilitunukiwa Oscar ya filamu bora ya lugha ya kigeni. Hadithi yake inaanzia Rongai. Si Ongata Rongai ya Kajiado ambayo watu wengi huichanganya nayo. Ni Rongai ya Nakuru, jirani ya Salgaa. Shambani humo kuna wakili Myahudi kutoka Ujerumani anayetetemeka kwa malaria kitandani, na kando yake mpishi Mjaluo anayemuuguza. Mpishi huyo ni Owuor. Aliyemwigiza ni Sidede Onyulo.

Ukilitaja jina la Onyulo leo Nakuru au Kisumu, utaulizwa ni nani. Tunaona hilo ni hasara, tena si hasara ya heshima peke yake. Kazi aliyoifanya ni darasa zima kwa mwigizaji yeyote wa nafasi ndogo, yule anayeitwa kucheza askari, chifu, mpishi, mganga au baba wa bibi harusi. Hapa tunaichambua kama kisa kimoja: uhusika ulidai nini, mahali gani ungeweza kuharibika, na kwa nini mtu aliyeibeba filamu ya dakika 141 akabaki bila jina kwa watu wa kwao.

Hadithi kwa ufupi. Walter Redlich, asiyeruhusiwa tena kufanya uwakili kwao chini ya utawala wa Hitler, anakimbilia Kenya na kupata kazi ya kusimamia shamba la mzungu. Mwaka 1938 mkewe Jettel na binti yao mdogo Regina wanamfuata. Vita vinapoanza 1939, Wajerumani wa koloni wanakamatwa kama raia wa nchi adui, wakimbizi Wayahudi wakiwemo. Baadaye familia inahamia Ol Joro Orok, Walter anajiunga na jeshi la Waingereza, na 1947 wanarudi Ujerumani. Mwongozaji Caroline Link aliitoa hadithi hiyo katika riwaya ya Stefanie Zweig ya 1995, na Zweig mwenyewe ndiye aliyekuwa mtoto yule. Katika masimulizi yake Regina anasoma shule ya bweni Nakuru. Kwa hiyo ramani ya hadithi ni ramani ya kwetu, ingawa kamera na fedha zilitoka Ujerumani.

Nguzo isiyobadilishwa

Jambo la kwanza ambalo watazamaji wengi hawaligundui ni kwamba Regina anaigizwa na wasichana wawili, Lea Kurka akiwa mdogo na Karoline Eckertz akiwa amekua. Owuor ni mtu mmoja. Katikati ya filamu uso wa mtoto unabadilika, na mtazamaji anatakiwa aamini kwamba msichana huyu mrefu ndiye yule aliyekuwa akibebwa. Mtu pekee anayeweza kumshawishi kwa mwili wake ni Owuor. Akimtazama Regina wa pili jinsi alivyomtazama wa kwanza, mabadiliko yanapita bila kukwaruza. Akimtazama kama mgeni, hata kwa nukta moja, filamu inakatika vipande viwili.

Ugumu ni kwamba filamu haipigwi kwa mpangilio wa hadithi. Matukio ya 1947 yanaweza kupigwa asubuhi na ya 1938 mchana wa siku hiyohiyo, kwa sababu nyumba ni ileile au jua liko upande unaofaa. Mwigizaji wa nafasi kubwa huwa kwenye seti kila siku na watu wa kumkumbusha wako karibu. Wa nafasi ndogo huitwa leo, akakaa siku nne, akaitwa tena. Asipokuwa na kumbukumbu yake mwenyewe, anafika akiwa amesahau alikuwa amefikia wapi na mtoto yule.

Dawa ya tatizo hilo ni jedwali la kurasa mbili, na tunasisitiza liandikwe kwa mkono kabla ya siku ya kwanza. Chukua mswada, toa matukio yako yote, uyapange kwa miaka ya hadithi badala ya namba za mswada. Kila tukio liwe na safu tano: mwaka, umri wako, nguo na nywele, unachojua kuhusu mtu uliye naye, na umbali. Safu ya umbali ndiyo waigizaji huisahau, nayo ndiyo inayoonekana zaidi. Mwaka 1938 mpishi anasimama hatua tatu kutoka kwa memsahib, yaani bibi wa kizungu, aliyeshuka garini jana. Miaka sita baadaye anasimama hatua moja, bila kukaribishwa, na hakuna anayeshtuka. Umbali huo ukiuandika kwa hatua, mwili utaukumbuka hata ukiitwa ghafla saa kumi na mbili asubuhi.

Kuigiza na mtoto kuna masharti yake pia. Saa za mtoto kwenye seti huwa chache, hivyo upande wa mtoto hupigwa kwanza na wa mtu mzima mwishoni, mara nyingi mtoto akiwa ameshaondoka. Mwigizaji anayecheza Owuor hujikuta akimwambia maneno mazito msichana asiyekuwepo, macho yake yakiwa kwenye kipande cha utepe kilichobandikwa kwenye mguu wa kamera. Kosa la kawaida hapo ni kuinua macho. Mtu mzima akizungumza na utepe husahau kimo, anatazama usawa wa kifua chake, na filamu ikiunganishwa anaonekana kama anaongea na mtu aliyesimama nyuma ya mtoto. Pima kimo cha mtoto kwenye shati lako mapema, kwa kitufe cha ngapi.

Kiswahili cha shambani

Owuor hazungumzi Kiswahili cha redio. Mashamba ya wazungu wakati ule yalikuwa na lugha yake, Kisetla, Kiswahili kilichovuliwa ngeli zake karibu zote. Katika hadithi Regina anaitwa memsahib kidogo. Msomaji wa Kiswahili anakwazika: ilipaswa kuwa memsahib mdogo. Lakini ndivyo mpishi wa 1938 alivyosema, na aliyesema hivyo alikuwa na akili zake timamu. Alitumia lugha iliyoeleweka jikoni mwa mzungu, akaiweka kando alipotoka.

Hapa ndipo waigizaji wa kwetu wangeharibu. Kijaluo hakina sauti ya sh wala z, na tumezoea kuicheka tofauti hiyo. Mzee Ojwang wa kipindi cha televisheni cha Vitimbi, aliyeigizwa na Benson Wanjau, aliyefariki 2015, aliijenga lafudhi hiyo kuwa chombo kamili cha vichekesho, na alikuwa bingwa wake. Ila ukiichukua lafudhi ileile ukaipeleka kwa Owuor, watazamaji wa Kisumu watacheka kabla sentensi haijaisha, na mtu aliyemwokoa mwenzake kutoka mautini atageuka kichekesho. Lafudhi ya namna hii inahitaji kupunguzwa hadi robo. Acha sauti mbili tatu zisikike Kijaluo, mwendo wa sentensi uwe wa taratibu, na maneno yasibanwe puani.

Kuna kazi nyingine iliyojificha ndani ya lugha. Waigizaji Wajerumani, na Merab Ninidze, mzaliwa wa Georgia anayemwigiza Walter, wanasema Kiswahili katika filamu hii. Mtu anayesema lugha aliyoikariri hasikilizi maana, husikiliza neno la mwisho la mwenzake ili ajue zamu yake imefika. Mzaliwa wa lugha akijisahau, akabadilisha mpangilio wa maneno kama tufanyavyo sote tukizungumza, mwenzake anapotea na tukio linarudiwa. Kwa hiyo mwigizaji wa Kiswahili katika filamu ya wageni anabeba mizigo miwili kwa wakati mmoja. Anatakiwa asikike kama mtu anayezungumza kwa hiari yake, na papo hapo neno la mwisho la kila sentensi lisibadilike hata kidogo. Njia rahisi ni kukubaliana mapema: mwanzo wa sentensi ni wako, mwisho ni wa mswada.

Debe, joho na kipande

Jettel anapofika anamtaka Owuor afanye kazi zisizo zake, na suala la maji linaleta mgogoro. Kwa Mjaluo wa wakati ule kuchota maji ilikuwa kazi ya wanawake, na mwanamume aliyeonekana nayo alichekwa. Tukio hili linafaa kufanyiwa mazoezi na kikundi chochote cha maigizo, kwa sababu linafundisha uzito wa kitu kinachoshikwa.

Debe la mafuta ya taa la zamani lilikuwa la galoni nne, yaani lita 18 hivi. Likijaa maji lina kilo 18 na bati lake juu. Vikundi vingi hubeba debe tupu na kuigiza uzito kwa kukunja uso. Kamera haidanganyiki na uso uliokunjwa. Inatazama shingo na vifundo vya miguu. Debe tupu hupepea mkono unapogeuka, na mwanga ukilipiga upande linaonekana jepesi. Tia maji hadi nusu, lita tisa zinatosha, na mwili utafanya mengine bila kufundishwa. Mwigizaji akitakiwa kulibeba kichwani asipewe kata iliyosokotwa vizuri. Mwanamke aliyezoea hutembea na kata kwa ustadi tangu utotoni, ilhali mwanamume huyu hajawahi, na kusitasita kwake hatua ya pili au ya tatu ndiko kunakoieleza aibu yote. Sauti ya kulalamika haihitajiki kabisa.

Joho ni mtihani mwingine. Walter anampa Owuor joho lake la uwakili, vazi asilolihitaji tena, kwa kuwa sheria aliyosomea haina kazi huku. Mwigizaji mchanga akivishwa joho jeusi juu ya nguo za jikoni atavutwa kuelekea mzaha: ataringa, atapepea mikono, atatafuta kicheko. Onyulo halichezei. Analivaa kama mtu aliyekabidhiwa kitu chenye thamani na anayejua kwa nini amekabidhiwa, na kwa hivyo mzigo wa tukio unabaki kwa Walter, ambaye amevua utu wake wa zamani mbele ya macho yetu. Hiki ndicho kipimo cha mwigizaji msaidizi aliyekomaa. Anajua tukio ni la nani, na hamnyang'anyi mwenye nalo. Tunauthamini uamuzi huo kuliko machozi yoyote katika filamu hii.

Kuhusu kipande, wengi hawafikirii kabisa. Tangu 1920 mwanamume Mwafrika aliyezidi miaka 16 alilazimika kubeba cheti cha usajili, mara nyingi ndani ya kikasha cha bati kilichoning'inizwa shingoni. Mwajiri alitia sahihi mfanyakazi alipoachishwa kazi, na kuondoka bila sahihi kulihesabiwa kutoroka, kosa la kutozwa faini au kufungwa. Sasa mtazame Owuor akiwafuata Redlich kutoka Rongai hadi Ol Joro Orok, Nyandarua, juu zaidi na kwenye baridi zaidi. Watazamaji wa Ulaya wanaona mapenzi. Sisi tunaona pia mtu aliyehesabu hatari. Mwigizaji anayekijua kipande ataingia katika tukio la kuwasili akiwa na uchovu wa aina nyingine, wa mtu aliyetazama nyuma njiani, na hilo huonekana hata kama hakuna neno lake katika mswada. Utafiti wa aina hii haugharimu zaidi ya siku moja na wazee wanaokumbuka baba zao walivyosimulia.

Halafu kuna kuondoka kwake. Kabla familia haijarudi Ujerumani, Owuor anaondoka yeye kwanza. Hasubiri kuachwa. Katika uigizaji tunaliita tukio la aina hii mlango: mhusika akitoka, hadithi inafungwa nyuma yake. Linaharibika mwigizaji akilia mapema. Mtoto alie, mtazamaji alie, lakini anayeondoka ana safari ya kufikiria na kifurushi cha kushika, na mikono iliyo na kazi huzuia uso usizidishe.

Kwa nini jina halikubaki

Tuzo za filamu za Ujerumani za 2002 ziliipa Nirgendwo in Afrika tano, pamoja na filamu bora na mwongozaji bora. Ya mwigizaji msaidizi ilikwenda kwa Matthias Habich, aliyecheza Süßkind, rafiki mkimbizi wa familia. Habich ni mwigizaji mzuri na hatumpunguzii kitu. Lakini angalia mpangilio: ndani ya filamu hiyohiyo kulikuwa na mhusika msaidizi aliyemshika mkono mtoto tangu mwanzo hadi karibu na mwisho. Tuzo ya taifa hutazama kwanza waigizaji ambao wapiga kura wake watawaona tena mwaka ujao kwenye televisheni na majukwaa ya nchi yao. Mwigizaji wa Kenya akimaliza siku zake za kazi anarudi nyumbani, na filamu inaendelea na maisha yake bila yeye.

Nyumbani nako umaarufu hujengwa kwa mazoea. Ojwang na Mama Kayai waliingia sebuleni kila wiki kwa miaka mingi kupitia KBC. Uso ukionekana kila wiki unakuwa jamaa. Filamu ya lugha ya Kijerumani yenye maandishi chini haina njia hiyo; inaonyeshwa mara chache, na anayeiona anabaki na jina Owuor. Hii ni hatima ya kawaida ya mwigizaji msaidizi popote duniani, ila kwetu ni nzito zaidi kwa kuwa hakuna tamthilia ya pili ya kumkumbusha mtazamaji.

Sababu ya tatu iko kwenye sheria, na watu wa fani hawaizungumzii vya kutosha. Mkataba wa Roma wa 1961 uliwapa watumbuizaji ulinzi, lakini kifungu chake cha 19 kinasema kwamba mtumbuizaji akishakubali uigizaji wake uingizwe katika filamu, ulinzi wake ulioorodheshwa katika kifungu cha 7 haumhusu tena. Kwa maneno mengine, chini ya mkataba huo mwanamuziki alibaki na kitu mkononi, mwigizaji akabaki na malipo ya siku zake tu, isipokuwa kama karatasi aliyotia sahihi ilisema vinginevyo. Ndivyo hali ilivyokuwa filamu hii ilipotoka 2001. Mkataba wa Beijing, uliopitishwa 24 Juni 2012, ulikuja kuziba pengo hilo, na ulianza kufanya kazi 28 Aprili 2020 baada ya nchi ya 30, Indonesia, kuuridhia. Kifungu chake cha 5 kinampa mwigizaji haki ya kutambulishwa kwa jina kuhusu kazi yake, na haki ya kupinga isipotoshwe kwa namna inayoharibu sifa yake. Haki hiyo ya jina ndiyo ambayo mwigizaji wa nafasi ndogo anaihitaji kuliko mtu yeyote, kwa kuwa jina ndilo mtaji wa kazi ya pili.

Karatasi kabla ya kamera

Mwigizaji anayefanya kazi Nakuru Players Theatre, au anayezunguka shule za Nyanza na Magharibi akiigiza vitabu vya kutahiniwa, atapata nafasi kama ya Owuor kwa simu ya ghafla. Majaribio mengi hufanyika Nairobi: kilomita 160 hivi kutoka Nakuru, 350 hivi kutoka Kisumu. Wa Nakuru anaweza kwenda na kurudi siku moja. Wa Kisumu analala. Ndiyo maana tunapendekeza aombe kwanza kutuma video. Simu ilazwe kwa upana, isisimamishwe wima. Dirisha liwe mbele ya uso, si mgongoni. Ukuta uwe mtupu. Anayesoma maneno ya mhusika mwingine akae karibu kabisa na simu na asome kwa sauti ya chini kuliko ya mwigizaji. Taja jina, kimo na lugha unazozizungumza. Usiandike "Kiswahili fasaha" tu. Eleza kwamba unaweza Kiswahili cha bara na cha zamani, na Kijaluo, Kiluhya au Kikalenjin. Kwa filamu ya kihistoria hilo linaweza kukupa kazi kabla ya sura yako.

Ukichaguliwa, mambo matano yawepo kwenye maandishi kabla ya kupanda basi. Idadi ya siku, pamoja na siku za kusubiri na malipo yake, kwa kuwa mwigizaji msaidizi husubiri zaidi ya anavyoigiza. Nauli na malazi viwe nje ya malipo ya kazi, la sivyo wa Kisumu analipwa pungufu ya wa Nairobi kwa kazi ileile. Siku ya kurudia sauti studioni ilipwe kivyake. Filamu yenye upepo wa bonde la ufa itakuhitaji tena miezi baadaye. Matumizi ya filamu yaandikwe kwa nchi, njia na miaka. Ukiona "matumizi yote, milele", uliza bei yake ni tofauti kwa kiasi gani na ya miaka mitano. La tano ni jina.

Kuhusu jina, andika tahajia yake kamili unavyotaka isomeke, mpangilio wa majina, na kwamba litokee kwenye orodha ya waigizaji kando ya jina la mhusika. Majina ya Kijaluo na ya Kiluhya hupinduliwa na kukosewa ovyo na watu wa nje: jina la ukoo linawekwa mbele, herufi ya o mwishoni inadondoka, ng' inapoteza alama yake ya juu. Kosa moja la herufi linatosha kumfanya anayetafuta waigizaji miaka mitatu baadaye asikupate. Omba kuoneshwa orodha hiyo kabla filamu haijafungwa, na ukiona kosa lisahihishe kwa barua, si kwa mdomo, ukiambatisha nakala ya ukurasa wa mkataba wenye tahajia uliyokubaliana nao.